Laurean Kardinali Rugambwa: Mwana wa Bukoba Aliyeshiriki Kumchagua Papa Mara Tatu

Tarehe 28 Machi 1960, Papa Yohane XXIII aliwaingiza makardinali wapya 7 katika Baraza la Makardinali. Miongoni mwao alikuwamo Peter Tatsuo Doi, kardinali wa kwanza kutoka Japani, na Rufino Santos, wa kwanza kutoka Ufilipino. Alikuwamo pia askofu wa jimbo dogo la Rutabo, kando ya Ziwa Viktoria, mwenye umri wa miaka 47. Huyo ndiye Laurean Rugambwa, Mwafrika mweusi wa kwanza wa nyakati zetu kuwa kardinali. Wakati huo Tanganyika ilikuwa bado inatawaliwa na Waingereza. Kabla nchi yetu haijapandisha bendera yake, mwana wake alikuwa tayari na kura katika uchaguzi wa Baba Mtakatifu.

Tunayakumbuka maisha yake kwa sababu yanatusaidia kujibu maswali tunayoulizwa mara kwa mara katika parokia na katika jumuiya ndogo ndogo hapa Ipagala. Waamini huuliza kama Vatikano ni nchi au ni Kanisa. Huuliza kwa nini mfuasi wa Petro, mvuvi wa Galilaya, awe na dola, askari na mahakama. Huuliza pia kardinali anakwenda Roma kufanya nini, na anapata nini akirudi. Maswali haya ni ya haki, na anayejiandaa kuwa padre hana budi kuyajua majibu yake.

Laurean Rugambwa alizaliwa tarehe 12 Julai 1912 huko Bukongo, katika nchi ya Wahaya, kwenye ukoo wa kitawala. Alibatizwa mwaka 1921, akiwa bado mtoto, pamoja na wazazi wake. Alisoma seminari ndogo ya Rubya, kisha akavuka mpaka kwenda seminari kuu ya Katigondo, karibu na Masaka nchini Uganda. Katigondo ilikuwa imekwisha kuonyesha matunda yake. Mmoja wa wanafunzi wake, Joseph Kiwanuka, aliwekwa wakfu kuwa askofu mwaka 1939, naye akakabidhiwa Masaka kuiongoza. Kwa hiyo frateri Rugambwa alikua akiona kwa macho yake kwamba Mwafrika anaweza kukalia kiti cha askofu. Alipadrishwa tarehe 12 Desemba 1943.

Baada ya miaka michache ya utume alipelekwa Roma kusomea Sheria za Kanisa katika Chuo Kikuu cha Kipapa cha Urbaniana, akapata shahada ya udaktari. Chuo hicho kilianzishwa na Papa Urbano VIII mwaka 1627 kwa ajili ya mapadre wa nchi za misioni. Kiko chini ya ofisi ya Roma iliyoundwa mwaka 1622 kusimamia uenezaji wa imani, ambayo wakati ule iliitwa Propaganda Fide. Kwa majimbo yetu ofisi hiyo haikuwa jambo la mbali. Ndiyo iliyosimamia uundaji wa majimbo katika nchi za misioni na kumpelekea Papa majina ya wanaofaa kuwa maaskofu. Hata leo majimbo ya Tanzania yapo chini ya uangalizi wa idara iliyorithi kazi hiyo.

Mji aliouona padre huyo kijana ulikuwa na dola ndani yake, na dola hiyo haikuwa kongwe. Kwa karne nyingi Mapapa walitawala sehemu kubwa ya Italia ya kati kama wafalme wengine. Mwaka 1870 majeshi ya Italia iliyokuwa inaungana yaliingia Roma, na utawala huo ukaisha. Kwa miaka 59 Mapapa walikaa ndani ya kuta za Vatikano bila makubaliano na serikali iliyowazunguka. Ndipo tarehe 11 Februari 1929 Kardinali Pietro Gasparri, kwa niaba ya Papa Pio XI, alipotia saini Mkataba wa Laterano pamoja na Benito Mussolini, mkuu wa serikali ya Italia. Siku hiyo Dola ya Mji wa Vatikano ikazaliwa. Ni changa kuliko wazee wetu wengi waliobatizwa na wamisionari wa kwanza wa Ugogo.

Ukubwa wake ni hekta 44, yaani ekari kama 109. Wapo wakulima hapa kwenye uwanda wa kati wenye mashamba makubwa kuliko hayo. Mtu mwenye miguu mizima anaweza kuzunguka mpaka wake kwa muda usiozidi saa moja na nusu. Lakini ndani ya ekari hizo mna posta, kituo cha treni, duka la dawa, zimamoto, polisi, mahakama, makumbusho, na redio iliyozinduliwa mwaka 1931 kwa mitambo ya Guglielmo Marconi mwenyewe.

Utawala wake hauna mfano katika nchi tunazozijua. Papa anashika mamlaka yote matatu, ya kutunga sheria, ya kutekeleza na ya kuhukumu. Hata hivyo hafanyi kila kazi kwa mikono yake. Sheria hutungwa kwa niaba yake na Tume ya Kipapa ya Dola hiyo, ambayo wajumbe wake huteuliwa kwa miaka 5. Kazi za kila siku, kama majengo, usalama, posta na makumbusho, husimamiwa na ofisi inayoitwa Governatorato. Tangu Machi 2025 ofisi hiyo inaongozwa na mtawa wa kike, Sista Raffaella Petrini. Mahakama zina mahakimu wao. Mapato ya dola hutoka zaidi katika tiketi za makumbusho, stempu na sarafu. Sadaka ya Mtume Petro, tunayoitoa kila mwaka karibu na tarehe 29 Juni, ni jambo jingine. Hiyo ni kwa ajili ya utume na matendo ya huruma ya Baba Mtakatifu.

Hapa inatupasa kutenganisha vitu viwili ambavyo wengi huvichanganya. Dola ya Mji wa Vatikano ni ile ardhi yenye kuta. Kiti Kitakatifu ni mamlaka ya Papa, Askofu wa Roma, pamoja na ofisi zinazomsaidia kuliongoza Kanisa lote. Mabalozi hutumwa kwa Kiti Kitakatifu. Tanzania ilipoanza uhusiano wa kibalozi mwaka 1968, ilianza na Kiti hicho. Kati ya 1870 na 1929, wakati Papa hakuwa na nchi yoyote, Kiti Kitakatifu kiliendelea kupokea mabalozi. Kwa hiyo Kanisa halitegemei ile ardhi ili liwepo. Ardhi ipo ili Papa asiwe mgeni katika nyumba ya mfalme au rais fulani, na hivyo asishurutishwe na yeyote.

Turudi kwa padre wetu. Tarehe 13 Desemba 1951 Papa Pio XII alimteua kuwa Vikari wa Kitume wa Kagera ya Chini, naye akawekwa wakfu kuwa askofu tarehe 10 Februari 1952. Mwaka uliofuata, tarehe 25 Machi 1953, Roma ilisimika rasmi hierarkia ya Kanisa katika Tanganyika. Vikarieti zikawa majimbo kamili. Kagera ya Chini ikawa Jimbo la Rutabo, na Dodoma yetu nayo ikawa jimbo siku hiyohiyo. Tunapohesabu miaka ya jimbo letu, lililopandishwa kuwa Jimbo Kuu mwaka 2014, tunahesabu kutoka siku ileile ambayo Askofu Rugambwa alipata jimbo lake.

Kisha ukaja mwaka 1960 na kofia nyekundu. Jimbo lake lilibadilishwa jina mwezi Juni mwaka huo na kuwa Jimbo la Bukoba. Roma nayo ikampa kanisa, San Francesco a Ripa, katika mtaa wa zamani wa Trastevere, mahali panapokumbukwa kwamba Mtakatifu Fransisko wa Asizi alifikia. Wengi hudhani hiyo ni heshima tu. Maana yake ni kubwa zaidi. Papa ni Papa kwa sababu ni Askofu wa Roma, na tangu kale askofu huyo alichaguliwa na wakleri wa Roma. Mwaka 1059 Papa Nikolao II aliuweka uchaguzi huo mikononi mwa makardinali. Ndiyo maana kila kardinali, atoke Manila au Bukoba, hupewa kanisa la Roma. Anahesabiwa kuwa mmoja wa wakleri wa mji ule, na kwa sababu hiyo anapata haki ya kumchagua askofu wake.

Lakini Kardinali Rugambwa hakuwa raia wa Vatikano. Uraia wa dola ile haupatikani kwa kuzaliwa. Huja pamoja na kazi, na huondoka kazi inapoisha. Makardinali wanaoishi Vatikano au Roma ni raia wake, ila yeye aliishi Bukoba na baadaye Dar es Salaam, akabaki Mtanganyika na hatimaye Mtanzania. Alikuwa na sauti katika jambo zito kuliko yote ya mji ule, na hakuwa na hata chumba chake ndani yake.

Mwaka 1962 alirudi Roma kwa ajili ya Mtaguso wa Pili wa Vatikano. Maaskofu wa Afrika walikuja kutoka nchi nyingi, wengine wakisema Kifaransa, wengine Kiingereza, na wengi wao bado walikuwa wamisionari kutoka Ulaya. Kila mmoja akisema peke yake wangemezwa na wingi wa maaskofu wa mabara mengine. Waliunda sekretarieti ya pamoja, na Kardinali Rugambwa akawa mwenyekiti wake. Aliyesimamia upande wa lugha ya Kifaransa alikuwa Jean Zoa wa Yaoundé, na upande wa Kiingereza Joseph Blomjous, Askofu wa Mwanza. Umoja huo ulitayarisha njia ya shirikisho la mabaraza ya maaskofu wa Afrika na Madagaska, SECAM, lililoanzishwa Kampala mwaka 1969 wakati wa ziara ya Papa Paulo VI.

Papa Yohane XXIII alifariki tarehe 3 Juni 1963, Mtaguso ukiwa katikati. Hapo kardinali wa Bukoba akaitwa kwenye kazi ambayo Mwafrika yeyote wa karne hizi alikuwa hajawahi kuifanya.

Papa anapofariki, Vatikano inaendeshwa kwa namna ya pekee. Wakuu wa idara karibu wote hukoma kazi zao saa ileile. Makardinali kwa pamoja hushika usimamizi, lakini mikono yao imefungwa. Hawaruhusiwi kubadili sheria za Kanisa wala kuamua jambo ambalo Papa peke yake angeliamua. Wanatunza nyumba, wanamzika marehemu, na wanaandaa uchaguzi. Kisha huingia katika konklave, yaani mkutano wa faragha wa uchaguzi. Desturi ya kuwafungia ndani ilipewa nguvu ya sheria mwaka 1274, baada ya uchaguzi mmoja uliofanyika Viterbo kuchukua karibu miaka 3. Kila mmoja hula kiapo cha siri, huandika jina kwenye karatasi, huikunja, na kuipeleka altareni mbele ya wote. Theluthi mbili za kura zinahitajika. Karatasi huchomwa, na moshi huwaambia watu walio nje.

Uhuru wa uchaguzi huo haukupatikana bure. Mwaka 1903 kardinali mmoja alisimama katika konklave akatangaza kwamba mfalme wa Austria anampinga mmoja wa waliokuwa wakipata kura nyingi. Mwaka 1904 Papa Pio X alipiga marufuku kabisa mwingilio wa namna hiyo. Miaka 25 baadaye zile ekari 109 zikawapa makardinali paa ambalo hakuna mtawala anayeweza kudai ni lake. Tukilikumbuka hilo, tunaelewa kwa nini Kanisa linaihitaji dola ndogo namna ile, na kwa nini halihitaji iliyo kubwa zaidi.

Katika konklave ya Juni 1963 waliingia makardinali 80. Kardinali Rugambwa alikuwa Mwafrika pekee. Tarehe 21 Juni akachaguliwa Giovanni Battista Montini, Papa Paulo VI. Kura ya Rugambwa ilikwenda kwa nani, hakuna mwenye haki ya kujua, kwa maana kiapo ni kiapo. Tunachojua ni kwamba kura yake ilikuwa na uzito uleule wa kura ya kardinali wa Paris au wa New York. Nje ya kuta zile, mwaka ule wa 1963, zilikuwapo nchi nyingi ambamo mtu wa rangi yake asingeruhusiwa kupiga kura kabisa.

Tarehe 19 Desemba 1968 Papa Paulo VI alimhamishia Dar es Salaam kuwa Askofu Mkuu. Jiji lilikuwa linapanuka, na nchi ilikuwa katika miaka ya mwanzo ya Azimio la Arusha. Aliliongoza jimbo kuu hilo kwa zaidi ya miaka 23.

Mwaka 1970 Papa Paulo VI aliweka sheria mpya kwamba kardinali akitimiza miaka 80 hataingia tena katika konklave. Sheria hiyo iliwaumiza wazee waliokuwa wamezoea kushika funguo. Mwaka 1978 ilitumika kwa mara ya kwanza, na wapo waliobaki nje ya mlango. Rugambwa, mwenye miaka 66, aliingia mara mbili. Mwezi Agosti wapiga kura 111 walimchagua Albino Luciani, Papa Yohane Paulo I, aliyefariki tarehe 28 Septemba. Mwezi Oktoba wakarudi tena 111, na tarehe 16 wakamchagua Karol Wojtyła kutoka Poland, Papa Yohane Paulo II, wa kwanza asiye Mwitalia baada ya miaka 455.

Kabla mwezi huo haujaisha, majeshi ya Idi Amin yalivuka mpaka na kuingia Kagera, katika eneo la jimbo lake la zamani. Alikuwa ametoka kwenye dola isiyo na jeshi, isipokuwa walinzi wa Uswisi wapatao mia moja, akakuta nyumbani kwao watu wanauawa na kukimbia kwa sababu mtawala mmoja alidhani ardhi ni ya kunyakuliwa.

Mwezi Septemba 1990 Papa aliyeshiriki kumchagua alikuja Tanzania. Kardinali Rugambwa, wakati huo mwenye miaka 78, alimpokea akiwa Askofu Mkuu wa Dar es Salaam. Miaka 2 baadaye, tarehe 12 Julai 1992, alitimiza miaka 80, na siku hiyo haki yake ya kumchagua Papa ikaisha. Siku 10 baadaye, tarehe 22 Julai, akastaafu pia uaskofu mkuu, na nafasi yake ikashikwa na Polycarp Pengo. Katika muda usiotimia wiki 2 vyote viwili vilimwondoka, kiti cha jimbo na kura ya Roma. Alibaki kardinali, padre na Mkristo aliyebatizwa mwaka 1921.

Alifariki Dar es Salaam tarehe 8 Desemba 1997, Sikukuu ya Bikira Maria Mkingiwa Dhambi ya Asili. Alizikwa kwanza Kashozi, na mwaka 2012, miaka 100 tangu kuzaliwa kwake, mabaki yake yakahamishiwa katika Kanisa Kuu la Bukoba. Kanisa la San Francesco a Ripa halikurithiwa na ndugu yake wala na jimbo lake. Lilirudi mikononi mwa Papa ili apewe mwingine.

Sisi tunaoandaliwa kwa Daraja Takatifu tuna la kujifunza hapa, na waamini walei wanaoshika uongozi wa kigango, wa kwaya au wa halmashauri ya parokia wanalo pia. Tumewahi kuona mwenyekiti anayekataa kukabidhi mihuri, na padre anayeondoka parokia kwa hasira kana kwamba ameporwa shamba la baba yake. Ile dola ndogo imedumu kwa sababu kila kitu ndani yake ni cha kukabidhiwa. Uraia hukoma pamoja na kazi, tume hukoma baada ya miaka 5, kura hukoma kwa umri, na Papa mwenyewe hana mtoto wa kumrithisha. Kukabidhi hakumpunguzii mtu heshima. Rugambwa alikabidhi kila kitu, na bado tunamwita Mwadhama.

Mwezi Mei 2025 makardinali 133 waliingia tena katika konklave, wakamchagua Papa Leo XIV. Mara hii Waafrika hawakuwa mmoja bali zaidi ya 10. Miongoni mwao alikuwa Mtanzania aliyezaliwa Bukoba, Protase Kardinali Rugambwa, Askofu Mkuu wa Tabora. Njia ilifunguliwa mwaka 1963 na mtu aliyeingia peke yake, akaapa, akaandika jina moja kwenye karatasi, akarudi nyumbani kuwahudumia watu wake. Tumwombee raha ya milele, na tuwaombee wote wanaoshika funguo zisizo zao.